Isale la Nkoaranga

Nilichoka kuigiza mfanyakazi wa ndani. Miaka nenda rudi, kwenye tamthilia za Dar, kazi yangu ni kufungua geti. Basi nilipopata nafasi ya kuigiza binti wa Mzee Lamine, muigizaji mkongwe wa sinema za Senegali, kisa najua Kifaransa, nilifunga begi siku ileile.

Asubuhi ya kupiga picha tukatoka Arusha mjini kwenda kijiji cha Nkoaranga, chini ya Mlima Meru. Garini sikutulia, nilirudia maneno yangu mpaka dereva akaniomba nimwonee huruma. Mzee Lamine akasimulia alivyoanza kwa kubeba taa za wapiga picha, kisha akaigiza vijana watanashati, na sasa anapewa akina baba wanaoomba msamaha tu.

Nkoaranga mvua ikatuzuia hadi alasiri. Kesho yake mzee anarudi Dakar, kwa hiyo onyesho letu lilikuwa leo au basi tena. Mzee akazungukazunguka migombani, akang'oa mmea mmoja apate kitu cha kushika. Lahaula! Lilikuwa isale. Kwa Wameru isale ndilo mpaka wa shamba, na jani lake ndilo la kuombea msamaha. Mama Anaeli, mwenye shamba, akasema kamera haiwashwi mpaka aliyeng'oa aombe radhi, kwake na kwa jirani wa upande wa pili wa mpaka.

Mzee akapewa jani. Akapiga magoti, machozi yakamtoka papo hapo, sauti ikatetemeka. Nilitafsiri huku nikilitazama jua linavyoshuka. Mama Anaeli hakunyoosha mkono.

"Mwambie anaigiza vizuri," aliniambia. "Sasa aombe yeye mwenyewe."

Nilipandwa na hasira. Jua lile lilikuwa langu, jamani! Mzee akafuta uso. Kisha akasema, kwa sauti ya kawaida kabisa:

"Siku hizi nasahau maneno. Nikiogopa, mikono yangu inashika chochote. Nisamehe, mama."

Mama Anaeli akalipokea jani. Jirani akaitwa, naye akaombwa radhi, kisha wote watatu wakalipanda isale pamoja, wakishindilia udongo kwa miguu. Walipomaliza, ukungu wa Meru ulikuwa umefunika migomba yote. Mwongozaji akaamuru vifaa vifungwe.

Wakati wa kurudi mjini nililia bila kujificha. Nikamuuliza mzee kama yeye haimuumi.

"Inauma," alisema. "Lakini nimeomba msamaha kwenye sinema miaka mingi, na leo ndiyo mara ya kwanza sikujua kama nitasamehewa."