Kinyama Mdomoni mwa Kasuku

Nimefungua chupa ya iodini nimsafishe mwanangu goti, na harufu yake imenirudisha Ujiji, uani kwa bibi, nikiwa nimempakata kasuku aliyeviringishwa kwenye kanga kuukuu.

Kasuku yule alipenda chikichi kuliko chakula chochote. Alipoanza kuziangusha, nyumba nzima ilisema amenuna kwa kuwa alihamishwa kutoka barazani. Bibi akampa pilipili, ati imchangamshe. Mimi nilisogeza pua mdomoni mwake, nikakuta ananuka uvundo. Nikasubiri apige miayo. Pembeni mwa ulimi kulikuwa na kinyama chekundu, kina vipele kama ganda la stafeli.

"Bibi, hajanuna. Ana uvimbe mdomoni."

Bibi alichungulia, akajitanda mtandio, akaenda kumwita bwana mifugo. Yeye alizoea mbuzi na ng'ombe, akasita.

"Nani atamshika? Huyu anakata kidole."

"Mimi."

Nilimshika kichwa, kanga imembana mbawa. Bwana mifugo akatia dawa ya ganzi, akakata kile kinyama, akaunguza shina lake, akapaka iodini. Damu ilinirukia gauni. Sikuachia.

Tangu hapo nilimkagua kila asubuhi, nikimwamuru, "Fungua mdomo!" Akapona, akazirudia chikichi zake, na bibi akamrudisha barazani. Basi kila mgeni aliyepiga hodi, hata awe shehe, alipokelewa kwa amri moja: "Fungua mdomo!"

Bibi hakuwaomba wageni radhi hata siku moja.

"Kafundishwa na daktari wangu," alisema, akininyooshea kidole.