Siri ya Jeshi Ndani ya Saiba

Mimi ni mwanajeshi. Nikiwa likizo nyumbani Bungoma, niliingia saiba, duka la intaneti, kuprinti P9, ile fomu ya mshahara na makato yake, nifaili ritani za kodi. Kwa kuwa mshahara wa askari niliuhesabu kuwa siri ya serikali, niliwaamuru wateja wote watoke nje. Wakatoka, hata mzee mwenye mkongojo.

Nakala ya kwanza ilitoka hafifu, nikaitupa kwenye rundo la karatasi mbovu, nikaendelea na ya pili. Sikujua mhudumu wa saiba huzipeleka papo hapo kwa Mama Nekesa, muuza mandazi wa mlangoni.

Nilipotoka kifua mbele, nilimkuta yule mzee anakula, macho kwenye karatasi iliyofungia mandazi yake.

"Afande, ati hata nyinyi mnakatwa hivi? Pole bana. Mama Nekesa, mpe mandazi mbili, nalipa mimi."