Wananchi Wametakiwa

Siku yangu ya kwanza redioni nilifika saa moja kasoro asubuhi, nimevaa viatu vya dada yangu, nikamkuta Mhariri Mkuu anakunywa chai ya tangawizi.

"Shikamoo, mzee."

"Marahaba. Haya, nenda soko la Ngarenaro uniletee habari."

Nilirudi nikaandika kwamba akina mama wa sokoni wanalalamikia takataka zisizozolewa wiki ya pili sasa. Akasoma, akachukua kalamu nyekundu, akaandika juu: "Wananchi wametakiwa kudumisha usafi." Takataka zilikuwa zilezile, ila wenye kosa walibadilika.

Nilimpenda mzee yule, na bado nampenda. Ukiugua alikuletea ndizi nyumbani. Alinifundisha kukata sauti, yaani kuchagua sekunde kumi na tano katika mazungumzo ya nusu saa, na kusoma taarifa bila kumeza maneno. Alinifundisha pia jambo ambalo ninyi vijana wa habari hamtalikuta kwenye madaftari ya chuo: kiongozi husisitiza, mwekezaji huombwa, mwananchi hutakiwa.

"Tusipowaelekeza sisi, nani atawaelekeza?" alikuwa akisema, na aliamini kabisa. Nami niliamini. Hakuna aliyetutuma kudanganya, na hatukudanganya.

Nilikuwa ripota wa kata ya Kimandolu kwa miaka kadhaa, kisha nikapandishwa kuwa mhariri wa zamu, yule anayeamua nini kisomwe na kwa urefu gani. Mwaka mmoja mvua ziligoma. Afisa wa Maji akaja studio akasema mambo mawili: mashamba makubwa ya huko chini yapunguze pampu zao, na mifereji ya mlimani isimamiwe vizuri. Nilikuwa na sekunde arobaini. Mkono ukaenda wenyewe: "Wananchi waishio kwenye miteremko ya Mlima Meru wametakiwa kuacha kuchepusha maji kwa mifereji." Pampu nikazikata, wala sikujiuliza kwa nini.

Jumapili, baada ya ibada, nilipanda kwa mama. Mfereji aliouchimba babu, uliopita kati ya kahawa na migomba, ulikuwa umefukiwa. Mama aliufukia mwenyewe kwa jembe.

"Kumbe tulikuwa tunamaliza maji ya watu wa mjini," akaniambia, macho chini. Mama huyu alifungua maji siku ya zamu yake tu, na zamu ikiisha alifunga hata kama kahawa ina kiu. Niliona aibu.

"Mama, ile habari niliiandika mimi. Sikuiandika yote."

"Najua ni kazi yako, mwanangu. Lakini wewe uliandika tu. Redio ndiyo iliyosema."

Jumatatu nilimweleza Mhariri Mkuu yaliyompata mama, nikamwomba turekebishe. Akanitazama kwa huruma.

"Mama yako ana cheo gani?"

"Ni mkulima, mzee."

"Basi mtafute Afisa aseme tena."

Afisa alikuwa amehamishwa. Nililia chooni, nikanawa uso, nikasoma taarifa ya saa saba. Marekebisho hayakutoka kamwe. Huko mlimani migomba ya mama ilinyauka mmoja baada ya mwingine, naye hakumlaumu mtu.

Sasa nimestaafu, naishi na mama. Mnaponitembelea mnaniuliza siri ya kazi. Sina kubwa. Mkishaandika nani ametakiwa, tazameni kilichobaki sakafuni mlipokata.

Mwezi uliopita niliomba zamu kwenye kamati ya mfereji, nikakubaliwa, nikaufukua mfereji wa babu siku nne hadi mgongo ukakataa. Maji yalipoingia shambani nilimkuta mama kwenye kigoda chake, redio ndogo mapajani.

"Mama, maji yamefika. Njoo uyaone."

Hakuinuka. "Wametangaza kwamba tunaruhusiwa?"

Nikachuchumaa mbele yake. "Wametangaza, mama. Asubuhi, ulikuwa umelala."

Hiyo ndiyo habari pekee ya uongo niliyowahi kutoa. Mama aliisikiliza, akazima redio, akaniomba nimpe jembe lake.