Mama Mkwe wa Kwenye Sinema

Evanthia Kaligeri alijipatia riziki kwa kuwatesa wakwe.

Alizaliwa mjini Volos, binti wa kinyozi, na akaanza kuigiza katika kikundi kilichozunguka vijijini kwa lori. Alitamani kucheza wasichana wanaokufa kwa mapenzi, lakini kila alipoanguka na kufa, watazamaji walicheka. Pua yake ilikuwa ndefu, na sauti yake ingeweza kumsimamisha punda anayekimbia. Alipohamia Athens, mwongozaji mmoja wa filamu alimsikia akigombana na muuza samaki, akamwajiri siku hiyohiyo kucheza mama mkwe mkorofi. Tangu hapo, asubuhi alikuwa studioni na jioni jukwaani. Majira ya joto yalipofika, watu waliketi kwenye sinema za uwanjani wakitafuna mbegu za maboga na kumzomea kwa furaha. Filamu iliyompa jina zaidi ni ile ambamo anammwagia mkwewe supu ya dengu kichwani.

Kuzomewa hakukumsumbua. Wanawake wa sokoni walimtania, "We mama, leo unamtesa nani?" Naye aliwajibu, "Bado sijachagua. Mwanao ameoa?"

Kisha binti yake, Rinoula, akampenda Grigoris, fundi viatu wa mtaa wa Kokinia. Mama yake Grigoris, Bibi Marigo, mjane mwenye mtoto huyo mmoja tu, aliposikia jina la ukoo wa msichana, alitema mate mara tatu kifuani mwake kufukuza husuda.

"Yule mwanamke? Nimemwona kwa macho yangu mawili akimmwagia kijana wa watu supu ya moto!"

"Mama, ile ni sinema. Na supu ilikuwa baridi."

"Wewe umejuaje? Ndiyo tayari wameshakulisha maneno!"

Grigoris hakutaka kuoa bila baraka za mama yake, na Rinoula alirudi nyumbani macho yamevimba. Kwa mara ya kwanza Evanthia aliionea haya kazi yake.

"Laiti ningecheza watawa," alisema.

"Mama, ungecheza mtawa, watu wangekimbia makanisa," Rinoula alimjibu, akacheka huku analia.

Januari ikafika, na pamoja nayo sikukuu ya Mtakatifu Grigorio. Kwa Wagiriki, katika siku ya jina lake, yaani sikukuu ya mtakatifu aliyeitwa kwa jina hilo, mtu haaliki wageni. Mlango huachwa wazi, na yeyote anayeingia hupokewa. Evanthia alinunua boksi la keki, akavaa gauni la kijivu, akamshika binti yake mkono, wakaenda Kokinia.

Bibi Marigo alipowaona mlangoni alibadilika rangi, lakini siku ya jina la mwanawe angemfukuzaje mgeni? Aliwaletea cheri zilizopikwa kwa sukari na maji baridi. Evanthia alikaa kwenye ukingo wa kiti, akala kwa adabu, akashukuru kwa sauti nyembamba kama uzi.

"Unaona?" Bibi Marigo alimnong'oneza jirani yake. "Hata kwenye filamu alianza hivihivi."

Evanthia alisikia, akaona upole wake unamzamisha. Papo hapo Pandelis, dereva wa teksi aliyekwisha kunywa divai yake, akapaza sauti, "Mama Evanthia, tuchezee ile ya supu!" Wageni wote wakapiga makofi. Akikubali, Bibi Marigo atamwona yuleyule mama mkwe mkatili. Akikataa, ataharibu sherehe ya watu.

Akasimama. "Haya, nitacheza. Lakini leo mimi ni mkamwana. Anatakiwa mama mkwe. Bibi Marigo?"

"Mimi? Mungu apishe mbali!"

Wageni wakamsukuma mbele.

"Mimi nimekuja kumchukua mwanao," Evanthia alimwambia. "Kupika sijui, na sahani yako nimeivunja. Sema lolote unalotaka."

Bibi Marigo alianza kwa aibu. Halafu mikono ikapanda kiunoni. "Mchuzi huu umeupika au umeuokota? Mimi nimemlea huyu kwa sindano, nikiwashonea watu mashati mpaka macho yakachoka, halafu wewe unaniletea kucha nyekundu!"

Evanthia alijikunyata, machozi yakamtiririka. Bibi Marigo, hasira imempanda, akanyakua glasi ya maji, akammwagia kichwani.

Evanthia akapangusa maji machoni.

"Hilo hatukupanga," Evanthia alisema chini ya nywele zilizolowa, "lakini umenipita mimi."

Chumba kizima kikalipuka kwa kicheko. Bibi Marigo alivua aproni, akaanza kumfuta uso. "Jamani, nisamehe! Mimi si mtu wa hivyo, haki ya Mungu si mtu wa hivyo!"

"Hata mimi, mama. Hata mimi si mtu wa hivyo."

Bibi Marigo aliacha kufuta. Akamtazama vizuri, kisha mabega yake yakaanza kutikisika kwa kicheko. "Kumbe mtu akifoka kifua kinakuwa chepesi, eh?"

"Chepesi kabisa. Na mimi wananilipa!"

Bibi Marigo akamgeukia Rinoula. "Kupika unajua?"

"Hapana, mama."

"Afadhali. Wanaojua hawasikii la mtu." Halafu akamwita mwanawe. "Grigoris, kesho nenda kwa padri. Mvishwe mataji ya arusi kabla ya Kwaresima. Na wewe, mkwe mwenzangu, sogea karibu na jiko usije ukapata mafua. Pandelis, acha kucheka, lete taulo!"