Liwa Kwenye Kufuli la Benki

“Ukiulizwa, sema unaomba radhi bila masharti. Basi. Usianze hadithi, mzee.”

Wakili Thilagavathi alisema hayo kwa mara ya tano, kwenye korido ya Mahakama Kuu ya Chennai. Chenniappan aliitikia kwa kichwa.

Hadithi yenyewe haikuwa ndefu. Kwa deni, benki ilitaka kupiga mnada mashine zake nane za kufumia, kule Somanur. Mahakama ikauzuia mnada kwa sharti moja: banda la mashine lifungwe, lipigwe lakiri, lisifunguliwe mpaka kesi iishe. Chenniappan alitia saini mwenyewe. Kisha ikaja sikukuu ya kuzibariki zana, siku ambayo hata kinyozi huupaka mkasi wake liwa ya msandali. Mashine zilizomlisha miaka ishirini na sita zikae gizani kama maiti asiye na ndugu? Alijizuia mpaka saa nne asubuhi. Akakata lakiri kwa kisu, akalegeza komeo kwa bisibisi, akaingia. Kila mashine akaipaka liwa na nukta nyekundu, akapasua boga kizingitini kufukuza husuda. Alipokwisha kurudisha komeo, mkono ukajiendea wenyewe kwa mazoea: akalipaka na kufuli la benki, mistari mitatu.

Afisa wa benki alipokuja kukagua, hakuhitaji mpelelezi.

Sasa kosa lilikuwa kuidharau mahakama. Lingeweza kumfunga miezi sita, na zuio la mnada likaenda na maji. Tena kulikuwa na jambo ambalo hata Thilagavathi hakulijua. Siku ya pili ya sikukuu, mashine iliyopakwa liwa lazima iamshwe. Chenniappan alirudi bandani, akawasha moja. Alimwambia mkewe tu, Rukmani.

“Baba Kavitha,” Rukmani alimjibu, “hilo tutazikwa nalo.”

Ukumbini, wakili wa benki aliinua picha. “Mheshimiwa, hata kufuli letu amelibariki.”

Watu wakacheka. Jaji hakucheka. Aliitazama picha, akamtazama Chenniappan, akaacha Kiingereza cha mawakili na kumuuliza kwa Kitamil.

“Uliwasha mashine?”

Thilagavathi alisimama. “Mheshimiwa, mteja wangu anaomba radhi bila—”

“Nimemuuliza yeye.”

Picha haikuonyesha hilo. Shahidi hakuwepo. Neno moja tu, hapana, na huenda angelala kwake usiku ule. Lakini alijiona akirudi bandani siku moja, akizishika mashine zile kwa mkono uliozikana.

“Moja, mheshimiwa. Siku ya pili. Shibiri moja ya kitambaa.”

Kalamu ya Thilagavathi ilikoma kuandika.

“Kwa nini?”

“Ikipakwa liwa isiamshwe, ni kama tumeiaga.”

“Na kitambaa kiko wapi?”

“Kwenye mashine. Sikukikata.”

Wakili wa benki alikuwa wima tayari. “Amekiri, mheshimiwa. Anafanya biashara ndani ya lakiri.”

“Shibiri moja? Utamshonea nani, bwana wakili? Kaa.”

Jaji aliandika muda mrefu mno. Chenniappan alisikia feni tu. Hatimaye hukumu ikasomwa: amepatikana na hatia, kifungo chake ni kukaa humo ukumbini mpaka mahakama iinuke jioni. Zuio la mnada linabaki. Akigusa lakiri tena, zuio limekufa, na safari hiyo hataulizwa kitu.

“Ungeniambia mapema,” Thilagavathi alimnong'oneza, “ningekukataza. Kaa hapo. Ukitoka hata kunywa maji, ni kosa jingine.”

Alikaa benchi la nyuma, askari kando yake. Kesi za watu wengine zikapita. Kila mlango ulipolia alidhani ni wakili wa benki anarudi na karatasi mpya. Aliwaza pia sikukuu ijayo, kama kesi itakuwa imekwisha, na kama mikono yake itatulia siku hiyo.

Saa kumi na moja kasoro robo jaji aliinuka, na ukumbi mzima ukainuka naye. Chenniappan alibaki ameketi. Hakuwa na uhakika kama kifungo kinaisha jaji anaposimama au anapotoka mlangoni.

“Nenda nyumbani, kaka,” askari alimwambia. “Tunafunga.”