Mdogo Wangu Aliponiondoa

Mdogo wangu alirudi kutoka Koboko na elimu mpya, nayo nusura imuue. Kuna mtu huko anayefundisha vijana zoezi la kuondoa: unakitazama kitu, unakivua jina, kisha kazi yake, mwisho unakiambia hakipo. Ukiondoa vya kutosha, eti, ulimwengu wote unalegea na wewe unakuwa huru.

Mimi nina diploma ya ujenzi. Nilirudi kutoka Juba nikajijengea nyumba ya matofali ya kuchoma hapa Pajulu, bila msaada wa mtu. Sasa fikiria kuambiwa ndani ya nyumba hiyo kwamba ukuta ni mazoea tu! Hilo ningelivumilia. Lakini alipokiondoa chakula, alikonda hadi suruali ikawa haikai kiunoni.

"Kula, wewe!" nilimfokea.

"Chakula gani, kaka? Hapa iko jina tu."

"Na mimi? Mimi pia jina?"

"Wewe nilikuondoa kwanza. Ulikuwa mwepesi."

Mwepesi! Mimi niliyemsomesha!

Mama hakubishana. Alimega enyasa, ugali wetu wa muhogo, akachovya kwenye mchuzi wa simsim na kuketi mbele yake.

"Basi niondoe na mimi, mwanangu, tumalize."

Mdogo wangu alimtazama mama kwa muda mrefu, kisha akafungua kinywa. Mama akamlisha kama mtoto mchanga.

Alimaliza sahani nzima bila kunitupia jicho. Nilimshukuru Mungu, lakini hasira haikunitoka.