Sajini aliyekataa kung'oa gorgor

Saa tatu asubuhi, Sajini Elsie ToLiman amepiga magoti nyasini nyuma ya ofisi ya serikali anayoilinda, koleo mkononi, anashona uzio. Anapitisha kipande cha waya, anakivuta, anakisokota mara tatu, kisha anahamia tundu linalofuata. Uzio huu haukukatwa na mwizi. Ulikatwa kwa amri ya mkuu wake.

"Andika hivyo hivyo," anamwambia mwandishi wa habari hii bila kugeuka. "Amri ya mkuu. Usiweke maua."

Elsie, mwenye miaka arobaini na sita, ni askari wa kikosi cha polisi kinacholinda majengo na mali za serikali hapa Kokopo, mji wa pwani. Amesimama lango moja kwa miaka kumi na tisa. Buti alizovaa kajinunulia. Za kikosi zilikuja mara ya mwisho miaka saba iliyopita, zote za kiume.

Jumatatu alipofika kazini alikuta gorgor imefungwa kwenye lango la mbele. Hapa hata mtoto anajua maana ya majani yale marefu, ndugu wa tangawizi: hapapitwi, mpaka aliyeyafunga aje ayafungue kwa mkono wake.

Aliyefunga hakujificha. Benias ToVuat, dereva wa lori la mbata, alikuwa ng'ambo ya barabara na wenzake wa ukoo, wanatafuna popoo.

"Dada, leo pumzika," alimwambia. "Hatuna neno na wewe. Tuna neno na choo chenu."

Maji machafu ya jengo hilo hutiririka hadi kwenye makaburi ya ukoo wao. Kwa miaka mitatu waliandika barua nne. Elsie anazijua, maana zote alizipokea yeye langoni.

Saa mbili alifika Inspekta Joe Kerua, aliyehamishwa kutoka nyanda za juu miezi miwili iliyopita.

"Sajini, ng'oa hayo majani."

"Siwezi, bosi."

"Huwezi au hutaki?"

"Yote mawili. Mwenyewe yule pale. Vuka barabara ukaongee naye."

"Nina bunduki kumi na mbili stoo, wewe unanitishia tangawizi?"

"Bosi, kwenu mtu akichinja nguruwe wa mwenzake bila kuuliza, mnampigia makofi?"

Kerua hakuvuka barabara. Aliagiza mkasi wa kukatia vyuma, uzio wa nyuma ukafunguliwa, na wafanyakazi, hata mkurugenzi wa ofisi, wakaanza kuingia kazini wakiinama. Pengine aliona ameipata njia ya amani, kwa kuwa gorgor haikuguswa. Kwa wenyeji, kuizunguka ni sawa na kuitemea mate.

Wauza karanga walihamisha beseni zao nyuma ili waone vizuri.

"Leo serikali inatambaa," alisema mmoja wao. "Mkurugenzi, shika suruali hiyo, baba."

Usiku wa Jumanne pampu ya maji ilitolewa kupitia pengo hilo. Jumatano, yaani jana, Elsie akakabidhiwa barua: aeleze kwa nini asifukuzwe kazi, kwanza kwa kukaidi amri, pili kwa uzembe uliosababisha wizi.

Anapofika hapo, koleo linasimama.

"Uzembe. Wanabomoa ukuta, halafu wanamuuliza mlinzi upepo umeingiaje. Miaka kumi na tisa hakijapotea hata kiti. Pengo lao la siku mbili, lawama yangu."

Alipoulizwa kuhusu barua hiyo, Inspekta Kerua alijibu kwa ufupi. "Askari hachagui amri." Kuhusu barua za ukoo, alisema aliuliza akaambiwa ofisini hazipo.

Elsie anaposimuliwa hayo, anaingia kibandani na kurudi na daftari la lango. Mistari minne, tarehe nne, sahihi nne za waliozipokea ghorofani.

"Kama hazipo, hawa walitia sahihi ya nini?"

Mchana Benias anakuja hadi kwenye uzio, kofia mkononi.

"Dada, wanakufukuza kwa ajili yetu. Sema neno, tuifungue."

"Mkiifungua kwa kunihurumia mimi, makaburi atayasafisha nani? Iacheni. Mimi mdomo ninao."

"Basi tukuletee ndizi."

"Ndizi hazishoni uzio. Leteni waya."

Benias anacheka. Elsie hacheki.

Kesho saa nne ataitwa mbele ya Kerua na mkurugenzi. Atakwenda na daftari, na ombi moja: kabla ya kusoma uamuzi wao, washuke naye hadi makaburini. Si mbali, hatua mia mbili.

"Wakanyage pale," anasema. "Kisha wanifukuze viatu vyao vikiwa vimelowa."

Saa kumi na moja jioni waya unaisha. Zimebaki hatua tatu za uzio ulio wazi. Anaburuta meza mbovu kutoka stoo, anaisimamisha kwenye pengo, anaifunga kwa kamba na kuitikisa mara mbili.

"Hapo nitamalizia kesho," anasema, akikung'uta nyasi magotini. "Nikiwa na gwanda au bila gwanda."